Tuzo Niliyoitunga Imepata Mshindi

Kama hukusoma Jumamosi zilizopita, nakupa kwa kifupi, maana aibu hii nikiirefusha naumia mwenyewe.

Mimi ni Cornel, niliyekuwa karani wa masjala mpaka upunguzaji wa wafanyakazi ulipopita na jina langu. Nikakimbilia kutunga. Gazeti hili likanipa safu, nikatunga nchi inayoitwa Melekwa, ambako milima huhama kufuata kivuli na upepo hufugwa kwenye vibuyu. Huko Melekwa wataalamu wana tuzo moja tu wanayoililia, Taji la Chumvi. Hutolewa kila baada ya miaka saba kwa mtu aliyegundua jambo ambalo halijapata kujulikana. Mshindi huvikwa taji, akasimamishwa mvuani. Likiyeyuka, alidanganya. Lisipoyeyuka, jina lake huandikwa mwezini.

Na kanuni yao kubwa ni kwamba mtu hajipendekezi. Anayeruhusiwa kulitaja jina lake mbele ya waamuzi ni mpinzani wake peke yake, yule aliyembishia siku zote. Niliitunga kanuni hiyo nimeshiba ugali na mlenda, nikajiona nina akili sana.

Kosa langu lilikuwa anwani. Ili hadithi inoge, niliandika kwamba waamuzi wa Taji hupokea barua kwa S.L.P. fulani, Dodoma. Namba niliyoweka ilikuwa ya sanduku langu mwenyewe.

Mwezi wa pili mwaka huu wa tisini na nne, kikaja kifurushi kutoka Hombolo. Ndani mlikuwa na madaftari manne na barua ya mama mmoja, Dorothea, mkulima wa zabibu. Aliandika: "Najua kanuni inataka mpinzani wangu anitaje, lakini mpinzani wangu hawezi kunitaja hata kwa dawa. Naomba mnisamehe kanuni." Madaftari yalikuwa ya miaka kumi na moja, ameandika kila siku aliyokata tawi na kila siku aliyovuna.

Mtu mwenye akili angejibu, mama, hii ni hadithi tu. Mimi nilijifanya Katibu wa Taji la Chumvi. Nikaandika kwamba tumepokea madaftari manne na yanachunguzwa. Nikapiga na muhuri, niliouchonga kwenye soli ya kandambili, mwenge katikati ili ufanane na wa serikali.

Halafu nikaishiwa hadithi. Mwezi wa nne nikafungua madaftari yale, nikachukua ugunduzi wa Mama Dorothea mzima mzima, nikampa mzee wangu wa Melekwa anayeitwa Mbirimo. Mbirimo akavikwa Taji. Wasomaji wakafurahi. Mhariri akanipongeza.

Hapo ndipo tulipoishia. Sasa sikilizeni ya wiki hii.

*

Jumatatu asubuhi, mhariri wangu Hamidi aligonga meza kwa rula, ndiyo tabia yake akimwita mtu.

"Cornel, una mgeni. Yupo kwenye benchi tangu tunafungua."

"Mgeni gani?"

"Mama mmoja wa Hombolo. Anaulizia ofisi ya Taji la Chumvi."



"Umemwambiaje?"

"Nimemwambia mwenye habari hizo ni wewe. Kwani nimekosea?"

Nilitamani kutokea dirishani, lakini dirisha la Hamidi lina nondo. Nikaenda kwenye benchi.

"Shikamoo mama."

"Marahaba mwanangu. Ndiye wewe mwandishi? Mbona kijana hivi? Mimi nilidhani ni mzee mwenye mvi."

Ni mama mrefu, mkavu, wa miaka hamsini na kitu, mikono imechanikachanika kwa matawi. Magotini alikuwa na gazeti letu, toleo lile la Mbirimo kuvikwa Taji.

"Sikuja kugombana," alisema. "Nimekuja kuomba msaada. Alhamisi hii wanakuja wataalamu kijijini kwetu. Wanataka kuandika kijitabu cha wakulima wa zabibu, jinsi ya kupogoa ili zabibu za masika zisiliwe na ukungu. Njia zilizoandikishwa ni mbili. Yangu, na ya bwana shamba wetu, Sostenes, yule anayenibishia siku zote. Itakayochaguliwa itachapwa na jina la mwenyewe juu yake."

"Hongera, mama."

"Hongera ya nini! Sostenes amewapelekea gazeti hili. Amewaambia, huyu mama hajagundua kitu, amesoma hadithi ya uongo akaja kutudanganya. Eti nimemwibia Mbirimo."

Nikalitazama gazeti lile, nisimtazame yeye.

Mnielewe vizuri. Watu wote huku wanapogoa kwa kalenda, mwezi umefika, kata. Mama Dorothea aligundua kwamba mzabibu wenyewe hukwambia. Unakata kitawi kimoja tu, unakifunga kitambaa chekundu usikipoteze. Kikitoa machozi, unasubiri. Asubuhi utakayokikuta kikavu, unahesabu siku tisa, ndipo unapogoa shamba zima. Miaka kumi na moja ilimchukua kuijua hiyo tisa. Mimi ilinichukua dakika kumi kuinakili.

"Hata kitambaa kimefanana," alisema Mama Dorothea. "Mimi nilichana khanga ya marehemu mama yangu, nyekundu. Na huyo Mbirimo wenu naye amechana khanga nyekundu ya marehemu mama yake. Nimewaza sana, mwanangu. Nikasema, pengine watu wawili wanaweza kufikiri jambo moja. Simlaumu."

Angenitukana ningepona. Lakini hakunitukana.

"Mama," nilianza, "hiyo Melekwa..."

"Najua milima haitembei," alinikata. "Usinione mshamba. Nilijua ile ni chumvi ya mwandishi. Lakini siku hizi kila ukigeuka kuna kitu kipya. Vyama vipya, mabenki mapya, mashirika yanakuja na magari meupe yanatoa hiki na kile. Na anwani ilikuwa ya Dodoma. Nikaandika, wakanijibu. Wakanigongea na muhuri."

Alifungua fundo la khanga, akanionyesha ncha ya bahasha ndani ya mfuko wa nailoni. Nikaitambua kabla hajaitoa, naye akaifunga tena.

"Katibu wa Taji ndiye mwenye madaftari yangu. Kila ukurasa una tarehe. Akija nayo Alhamisi, Sostenes hana pa kutokea. Wewe unamfahamu huyo Katibu?"

Hapo ndipo iliponipasa kupiga magoti. Maneno nilikuwa nayo, yamejipanga. Yakatoka mengine kabisa.

"Namfahamu, mama. Alhamisi atakuja. Na madaftari."

Aliushika mkono wangu kwa mikono yake miwili, akanishukuru mpaka watu wa mapokezi wakageuka. Alipoondoka, Hamidi alikuwa mlangoni ananitazama.

"Cornel. Melekwa ina katibu?"

Nilikuwa nimeshashika njia ya nyumbani, Nkuhungu.

*

Njiani nilijipa moyo. Nilijiambia, madaftari yapo nyumbani. Nitayachukua, nitayapeleka mwenyewe, nitasema ukweli, nitafukuzwa na gazeti, basi. Kufukuzwa nimeshazoea.

Nyumbani nilimkuta mke wangu Yasinta mahali pake pa kila siku, mbele ya nyumba, karai motoni, wateja wamemzunguka. Bagia za Yasinta zinajulikana mpaka Miyuji. Nilimpita nikaingia chumbani, nikavuta gunia la barua kutoka uvunguni.

Gunia lilikuwa jepesi.

Nililimwaga. Zikatoka barua tano za wasomaji na jalada moja la daftari, halina kitu ndani.

Nilitoka mbio. Mteja mmoja, fundi baiskeli wa jirani anayeitwa Yotham, alikuwa anaramba vidole. Karatasi aliyoshika ilikuwa na mwandiko mdogo wa kulala, na kwa pembeni palichorwa kitawi chenye tone.

"Lete hiyo!"

"Kuna nini? Bado bagia mbili humu."

"Kula haraka, lete karatasi!"

Yasinta aliinuka na mwiko wake. "Cornel, una wazimu? Unawanyang'anya watu chakula?"

"Umechukua wapi madaftari haya?"

"Uvunguni kwako, kwenye gunia la barua za wasomaji. Si wewe uliyesema takataka hizo nifungie bagia?"

"Nilisema barua!"

"Ulisema, Yasinta, kilichomo humo ndani fungia. Mwaka mzima nafungia. Hukuniambia leo kuna za kufungia na za kuabudu."

Alikuwa na haki, na hilo ndilo lililonikera zaidi. Madaftari ya mtu niliyaficha kwenye takataka kwa sababu nilikuwa nayaonea aibu. Gunia lilinitunzia siri, mke wangu akanikaangia.

Tulizunguka Nkuhungu mpaka jioni, Yasinta mbele akiuliza, mimi nyuma nikiokota. Kwa fundi cherehani tulipata kurasa mbili. Nyuma ya msikiti tulipata moja, imekanyagwa. Mama mmoja aliyekuwa ananyonyesha alituambia yake ameshawashia jiko, akashangaa kuona mwanaume mzima anafuta machozi kwa karatasi ya bagia.

Kati ya madaftari manne nilipata kurasa kumi na saba. Zilikuwa zinang'aa kwa mafuta. Ukizinyanyua kwenye mwanga unamwona mtu wa upande wa pili.

"Huyu mama ni nani?" Yasinta aliniuliza tulipokuwa tunazikausha kwenye kamba.

Nikamweleza yote. Aliacha kuzungumza nami hapo hapo, na mpaka naandika haya hajaanza.

*

Alhamisi nilifika Hombolo kabla ya saa nne. Mkutano ulikuwa kwenye godauni lililokuwa la ushirika, siku hizi halina zao, limebaki mabenchi na popo. Wataalamu walikuwa watatu, mkubwa wao Dokta Elieth, mwanamke mfupi mwenye sauti ya mwalimu. Pembeni yake, na kalamu mbili mfukoni, alikaa Sostenes. Yeye ndiye aliyekuwa anaandika kumbukumbu za mkutano na kuzisoma karatasi zote zilizoletwa.

Mama Dorothea alikuja amevaa nguo za kanisani. Aliwasalimu wote, "Mbukwa, mbukwa," kisha akanitafuta kwa macho, akatazama nyuma yangu.

"Katibu yuko wapi?"

"Nitaeleza, mama."

Sostenes alisimama kwanza. Alisoma hadithi yangu kwa sauti, kuanzia Mbirimo kukata kitawi mpaka siku tisa. Anasoma vizuri, mshenzi yule. Kila alipofika penye khanga, watu walicheka.

"Hii ilitoka tarehe ishirini na tatu mwezi wa nne," alisema, akalilaza gazeti mezani. "Mama yetu ameandikisha njia yake mwezi wa tano. Mimi sina la kuongeza."

"Kuna mtu wa kumsemea mama?" aliuliza Dokta Elieth.

Nikanyoosha mkono. Nikasimama. Na safari hii, kwa mara ya kwanza tangu mwaka uanze, maneno yaliyotoka ndiyo niliyokusudia.

"Naitwa Cornel. Mimi ndiye niliyeandika hadithi hiyo. Melekwa haipo, Mbirimo hayupo, Taji halipo, Katibu ni mimi. Mama huyu aliniletea madaftari yake kwa kunidhani mtu wa maana, nikamwibia. Kila kilichomo humo kuhusu zabibu ni chake."

Nikasikia popo wakijigeuza juu.

Halafu Sostenes akaanza kucheka, taratibu, kama mtu aliyeletewa zawadi.

"Dokta, mnamsikia? Huyu ndiye aliyetuambia milima inatembea. Ndiye aliyesema kuna watu wanafuga upepo kwenye kibuyu. Leo ametunga nyingine, ameiba kwa mama, na sisi tuamini! Kazi yake ni uongo, anaishi kwa huo."

Godauni zima likacheka.

"Safari hii ni kweli!" nilipiga kelele. "Tazameni hiyo khanga! Melekwa watu wanavaa mawingu, nimeandika hivyo tangu sehemu ya kwanza! Khanga ingetoka wapi? Melekwa hakuna khanga!"

Wakacheka mpaka mzee mmoja akakohoa. Nilikuwa nalia kwa hasira, wao wananiona kichekesho. Nimedanganya mwaka mzima nikaaminiwa na mkoa mzima. Nimesema kweli mara moja, naonekana ndiyo nimeanza kazi.

Dokta Elieth alinyamazisha watu. "Bwana Cornel, hayo madaftari unayo?"

Nikatoa bahasha yangu. Kurasa kumi na saba. Alizishika kwa ncha za vidole.

"Hizi zinanuka bagia."

"Ndiyo, Dokta."

"Na tarehe hizi, nitajuaje hazikuandikwa jana?"

Madaftari mazima yangejibu yenyewe, wino wa miaka kumi na moja, unaofifia mwaka hadi mwaka. Kurasa zangu zote zilikuwa na rangi moja, rangi ya karai la Yasinta.

Mama Dorothea alikuwa ameshasogea mezani. Alichukua ukurasa mmoja, akausogeza puani, akaurudisha.

"Haya ndiyo madaftari yangu?"

"Ndiyo, mama."

"Na mengine?"

"Yamefungiwa bagia, mama. Kwangu. Sikukusudia."

Nilisubiri anizabe kibao. Nilikitaka kibao hicho kuliko kitu chochote. Yeye aliutazama ule ukurasa tu, akaupapasa kwa kidole gumba palipochorwa tone.

"Huu ni mwaka aliokufa mama," alisema, si kwangu, kwa karatasi.

Kisha akafungua fundo la khanga. Akatoa mfuko wa nailoni, akatoa bahasha, akaiweka mbele ya Dokta Elieth.

Barua ya Katibu. Muhuri wa kandambili, na mwenge katikati. Muhuri wa bandia ni kesi, na pale mlangoni walisimama askari mgambo wawili.

Ila hapo hapo nikakumbuka jambo jingine. Barua ile ilisema madaftari manne ya kupogoa mizabibu yamepokelewa. Na juu ya bahasha, palipo na stempu, posta walikuwa wamegonga muhuri wao, wa kweli, wenye tarehe. Tarehe tatu mwezi wa tatu. Wiki saba kabla ya Mbirimo kushika kisu.

Uongo wangu wa kwanza ndio uliokuwa ushahidi pekee uliobaki duniani.

"Bwana Sostenes, tusomee," alisema Dokta Elieth, akiisukuma bahasha pembeni bila kuitazama.

Sostenes aliichukua. Akaitoa barua, akaipitisha macho kimyakimya kama alivyofanya kwa karatasi zote. Tabasamu lilikuwa bado mdomoni. Akageuza bahasha. Akaitazama stempu. Akalitazama gazeti lililolala mezani. Akairudia stempu.

Tabasamu likaondoka.

Alijua. Nilimwona anajua. Akainua macho, yakakutana na yangu, na katika watu wote waliojaa godauni lile ni sisi wawili tu tuliokuwa tumeelewa. Akiisoma, kijitabu ni cha Mama Dorothea, na mimi naondoka na mgambo. Nikajikuta namwomba Mungu, kwa moyo wangu wote, aisome.

Na ndipo nilipoikumbuka kanuni ya Melekwa, niliyoitunga nimeshiba. Anayeruhusiwa kulitaja jina lake ni mpinzani wake peke yake.

"Bwana Sostenes?" aliuliza Dokta Elieth. "Barua inasema nini?"

Sostenes alikunja barua mara mbili. Akairudisha ndani ya bahasha, na bahasha akaitia mfuko wa shati, nyuma ya kalamu zake.

"Haina kitu, Dokta," alisema. "Salamu tu."

Mama Dorothea, ambaye barua hiyo ameisoma usiku na mchana miezi mitatu, alinyoosha mkono wake uliochanika, kiganja juu.

"Kama ni salamu tu," alisema, "nirudishie."

Dokta Elieth aligeuka kumtazama Sostenes. Mgambo wakageuka. Godauni zima likageuka.

Mkono wa mama ulibaki pale pale hewani. Sostenes aliuziba mfuko wake kwa kiganja, na barua hakuirudisha.